Ndoa ya maslahi: mabibi wa London na mabibi wa Mtoni

Leo siandiki siasa. Kwa wanaouliza niko wapi, niko Chwaka, huku mashariki ya Unguja, gazeti limenituma kufuatilia habari za mwani na uvuvi. Habari hiyo mtaisoma gazetini. Hapa nataka kuzungumza jambo ambalo mhariri wangu hawezi kunipa nafasi: ndoa. Msikimbie kwanza.

Kuna kitu wengi wetu tunakipenda kimya kimya, nacho ni zile riwaya za mapenzi za Uingereza ya zamani. Mnazijua. Kwenye jalada kuna binti kavaa gauni refu, nyuma yake jumba la mawe, na pembeni bwana mwenye buti ndefu na uso wa hasira. Nilipokuwa chuo zilikuwa zinazunguka hosteli ya kina dada mpaka kurasa zinachanika. Halafu Desemba 2020 Netflix wakaleta Bridgerton, iliyotokana na vitabu vya Julia Quinn, basi hata wanaume wenzangu waliokuwa wakijidai hawasomi mambo ya kike wakawa wanakesha na kifurushi cha usiku.

Humo ndani kuna stori moja inayopendwa kuliko zote, nayo ni ndoa ya maslahi. Bwana ana cheo lakini hana hela. Au hela anazo, anahitaji mrithi. Au babu ameacha wosia kwamba mjukuu asipooa kabla ya siku fulani, jumba linakwenda kwa binamu mlevi. Binti naye hana baba, au amekutwa bustanini usiku na mwanamume na sasa jina limechafuka. Wanakaa chini, wanakubaliana kama watu wanaouziana kiwanja: wewe chukua jina langu, mimi nichukue fedha zako, mapenzi hayamo. Ukifika ukurasa wa 200 mapenzi yamo. Kila mara! Msomaji anajua toka mwanzo kwamba yatakuwemo, na hiyo ndiyo raha yenyewe.

Sina ugomvi na raha hiyo. Ninachogombana nacho ni mizani mbili tunazotembea nazo sisi vijana tuliosoma. Ndoa ya makubaliano ikifungwa London mwaka 1815, tunavuta pumzi na kusema jamani mapenzi haya! Ikifungwa Chwaka, kwa posa, kwa wazee kukaa mkekani, kwa watu wawili ambao hawajawahi kwenda hata Forodhani kula urojo pamoja, tunasema hawa bado wako zama za mawe. Hivi kweli? Hebu tuzitazame zote mbili bila muziki wa vinanda.

Tuanze na London. Enzi wanayoiita Regency ni miaka ya 1811 hadi 1820, Mfalme George III akiwa amepotewa na akili na mwanawe akishika utawala kwa niaba yake. Ajabu ni kwamba ndoa ya maslahi iliyo kubwa kuliko zote za zama zile ilikuwa ya huyo huyo mwana wa mfalme aliyeipa enzi nzima jina, na hakuna mwandishi wa riwaya anayethubutu kuiandika kama mapenzi. Mwaka 1785 alimuoa kwa siri mjane wa Kikatoliki, Maria Fitzherbert, ndoa ambayo kisheria haikutambuliwa. Kufika 1795 alikuwa na madeni ya zaidi ya pauni 600,000. Bunge na baba yake wakamwelewesha kwamba akitaka msaada, aoe mke anayekubalika. Akaletewa binamu yake Caroline kutoka Brunswick, Ujerumani. Inasimuliwa kwamba bwana harusi alipomwona mara ya kwanza aliomba pombe kali. Mtoto mmoja, Charlotte, alizaliwa Januari 1796, na baada ya hapo kila mtu na njia yake. Mwaka 1820 alipokuwa mfalme alijaribu kumwacha kupitia bungeni, akashindwa. Mwaka uliofuata, siku ya kutawazwa, malkia alikwenda mpaka milango ya Westminster Abbey akazuiwa kuingia. Hata mwezi haukuisha, akafariki.

Hiyo ndiyo ndoa ya maslahi bila ukurasa wa 200.

Waandishi wakubwa walilijua hili. Jane Austen aliishi zama zile zile, na katika Pride and Prejudice ya mwaka 1813 kuna Charlotte Lucas, ana miaka 27, si mzuri wa sura, hana fedha, anamkubali mchungaji anayechosha kupita kiasi kwa sababu anataka nyumba yake mwenyewe. Austen hampi zawadi ya mapenzi baadaye. Anampa sebule ambayo mume haingii mara kwa mara, na Charlotte anaridhika. Georgette Heyer, ambaye ndiye hasa aliyeutengeneza mtindo huu wa riwaya katika karne ya 20, aliandika A Civil Contract mwaka 1961. Bwana mdogo anarudi kutoka vitani, anakuta baba amekufa na kuacha madeni, anamuoa binti wa mfanyabiashara tajiri huku moyo uko kwa mwingine. Mwisho wa kitabu hakuna moto unaowaka. Kuna watu wawili waliozoeana, chakula kizuri na mtoto. Wasomaji wengi wanakilalamikia kitabu hicho kwamba kimepoa. Kwangu mimi ndicho cha kweli.

Lakini kuna jambo ambalo riwaya nyingi zinalipita haraka, nalo ni sheria. Mwanamke wa Kiingereza wa wakati ule akiolewa alikuwa kama amemezwa. Fedha zake, kipato chake, vyombo vyake, vyote vikawa vya mume. Ardhi yake mume ndiye aliyeiendesha. Familia za kitajiri zilikwepa kwa kuandikishana amana kabla ya harusi, lakini binti wa mwenye duka dogo angeandikishana nini na nani? Kuachana na kuwa huru kuoa tena kulihitaji sheria maalumu ipitishwe na Bunge, kitu cha matajiri wachache, mpaka 1857 ilipoanzishwa mahakama ya talaka. Na ilibidi zije sheria za 1870 na 1882 ndipo mke aweze kumiliki kilicho chake. Kwa hiyo yule binti wa jaladani anapomwambia bwana wa buti ndefu "nimekubali", anakabidhi kila kitu alichonacho isipokuwa nguo aliyosimama nayo, tena hata hiyo kisheria si yake. Bahati yake mwandishi amempa mume mwema. Bila mwandishi je?

Sasa geuza uso uelekee huku kwetu. Mwaka 1811 Prince Regent anaanza kazi London, huku Oman Sayyid Said bin Sultan, aliyezaliwa 1791, ana miaka mitano tayari toka ashike madaraka. Ni watu wa zama moja kabisa, na si kwa tarehe tu. Mwaka 1836 Said alimpelekea Mfalme William IV manowari yenye mizinga 74 iliyoitwa Liverpool, na Waingereza kwa kurudisha fadhila wakampa merikebu ya kifahari ya kifalme. Jina lake? Prince Regent. Yaani jina la bwana wa madeni lilikuja kuelea kwenye bahari zetu.

Said naye alikuwa hodari wa ndoa za maslahi. Ninayoipenda zaidi ni ile ambayo haikufungwa. Mwaka 1833 alimpelekea posa Malkia Ranavalona wa Madagascar, na pamoja na mke aliomba askari wapatao 2,000 wa kumsaidia kupambana na Mazrui wa Mombasa. Fikiria posa hiyo, mchumba na kikosi! Majibu yakaja kwa adabu: sheria za nchi hazimruhusu malkia kuolewa, lakini yupo binti mfalme kama anataka, na kuhusu askari si neno. Malkia akaagiziwa apelekewe kidani cha marijani cha thamani ya dola 1,000. Harusi haikuwepo, na Mombasa Said aliichukua mwaka 1837 bila mke wa Kimalagasi. Mwandishi wa riwaya angemlazimisha apande jahazi akamfuate. Said alihesabu faida na hasara, akaachana nayo.

Aliowaoa kweli tunawajua kupitia binti yake, Sayyida Salme, ambaye kumbukumbu zake zilitoka kwa Kijerumani mwaka 1886. Mke mkubwa alikuwa Azza bint Seif, wa ukoo wa kifalme wa Oman. Salme anamwelezea bila huruma: mfupi, si mzuri, mkali, na mwenye nguvu ya ajabu juu ya mumewe. Pale Mtoni kila mtu alikwenda kumsalimu na kumnyenyekea. Hakuwa na mtoto aliye hai. Hii ni ndoa ya ukoo kwa ukoo kabisa, na ndani yake mwanamke aliitawala nyumba nzima.

Mwingine ni binti mfalme wa Kiajemi, Salme anamwita Schesade. Ukienda Kidichi leo utakuta mabafu aliyojengewa, yenye maua na ndege waliochongwa ukutani, yamesimama tangu mwaka 1850 hivi. Salme anasimulia kwamba alikuwa mzuri kupindukia, mfujaji, mpanda farasi, mpenda uwindaji, na hakujificha kwamba alichofuata ni mali. Akaachwa, akarudi kwao. Tena Salme anagusia kwamba baadaye Waajemi walipopigana na majeshi ya Said, bibi huyu alidhaniwa kuwa miongoni mwao. Jamani, Netflix wako wapi?

Ila tusijisifu mapema. Hapa ndipo wenzangu wa "utamaduni wetu ulikuwa safi" wanapokohoa. Said alipofariki mwaka 1856 aliacha watoto 36 kwa hesabu ya Salme, na wote walizaliwa na masuria, wanawake walionunuliwa au kutekwa. Mama yake Salme mwenyewe, Jilfidan, alikuwa Mcircassia aliyechukuliwa utotoni vitani. Hao hawakuposwa na hakuna aliyewauliza chochote. Na mwaka 1897 utumwa ulipopigwa marufuku Unguja na Pemba, sheria iliwaacha masuria nje, kwa hoja kwamba wahesabiwe kama wake! Ikabidi ingojwe sheria ya 1909. Neno "mke" lilitumika pale kama kufuli. Riwaya za Uingereza nazo zina kufuli lake, maana mengi ya yale majumba ya mawe yalisimama kwa sukari ya watumwa wa visiwa vya Karibi. Austen anaigusa Antigua kidogo tu katika Mansfield Park ya 1814, halafu anaendelea na chai.

Wala tusiseme ni mambo ya Masultani tu. Mwaka 1970, miaka sita baada ya Mapinduzi, wasichana wanne wa Kizanzibari wenye asili ya Iran walilazimishwa kuolewa na vigogo wa Serikali ya Mapinduzi, kwa maelezo ya kuvunja ubaguzi wa makabila. Dunia ilipiga kelele. Sisi wenyewe tunalizungumza kwa sauti ya chini mpaka leo. Hiyo nayo iliitwa ndoa.

Na mfano wa upande wa pili kabisa ni Salme mwenyewe. Alipenda. Mwaka 1866 alitoroka Unguja kwa manowari ya Kiingereza, mwaka 1867 akabatizwa na kufunga ndoa Aden na Heinrich Ruete, mfanyabiashara wa Hamburg. Mwaka 1870 Heinrich akafa kwa ajali ya tramu. Salme akabaki ugenini na watoto watatu wadogo, mashamba ya Unguja yamemponyoka, na wakuu wa Ujerumani wakamnyima urithi aliodai. Binti huyu alikuwa na shamba na fedha zake mwenyewe toka ana miaka 12, alipofiwa na baba. Ndoa ya mapenzi ikamfikisha kwenye sheria za Ulaya zilizomwona kama mtoto.

Sasa basi. Ukinisoma mpaka hapa utaona kwa nini swali la "wanapendana au hawapendani?" linanichosha. Azza hakupendwa labda, akatawala. Salme alipendwa, akafilisika. Ninachotaka kujua mimi ni kama mwanamke aliulizwa, ana nini mkononi mwake, na siku akitaka kuondoka mlango uko wapi.

Kwa kipimo hicho, hata huku Chwaka mambo si rahisi kama tunavyoyachora. Mahari kwa sheria ya Kiislamu ni ya mke, si ya baba yake wala ya mume. Alichochuma mke ni chake. Mlango wa kutokea upo, ila si sawa kwa wote wawili: mume anatamka talaka, mke anakwenda kwa kadhi, na mara nyingi anajivua kwa khuluu, yaani anarudisha mahari ili aachwe. Wanawake wa pwani hii wanaujua mlango huo vizuri. Nimezungumza na bibi mmoja anayelima mwani, baada ya shikamoo na kuulizwa mimi ni mtoto wa nani, akanihesabia waume zake watatu kwa vidole kama anayehesabu misimu ya upepo. Wa kwanza alichaguliwa na wazee, wawili waliobaki alijichagulia. Nikamuuliza yupi alikuwa bora. Akacheka, akaniambia mwanangu, bora ni nyumba, na nyumba aliijenga kwa mwani. Kilimo hicho kilianza kibiashara kwenye pwani hii mwaka 1989, na wanaokilima ni wanawake zaidi. Malipo ni kidogo na bahari inazidi kuwa na joto, mwani unakufa, hayo mtayasoma gazetini. Lakini ni fedha inayoingia mkononi mwa mke moja kwa moja, na yule bibi anaongea kuhusu waume kama mtu mwenye fedha yake.

Haya nayaandika kwa sababu kuna dada mmoja tulisoma naye chuo, kwao ni huku huku. Ana shahada, ana kazi mjini. Ameposwa na mtu wa asili ya Unguja mwenye uraia wa Oman, anaishi Muscat. Wameonana mara mbili, kingine ni simu. Kwenye kundi letu la WhatsApp wamemcheka wiki nzima. Wanaomcheka ni wale wale wa Bridgerton, nawajua kwa majina. Mmoja kaandika kwamba anajiuza. Nilikasirika, na nilimjibu vibaya, sijutii. Dada huyu hajalazimishwa. Amesema wazi anataka mume mstaarabu, anataka watoto, umri unakwenda, na wachumba wa mapenzi aliokuwa nao mjini, wawili, walimkopa fedha wakapotea. Ana hoja kuliko Charlotte Lucas.

Ninachoona mimi ni kwamba akubali kama anataka, lakini asikubali kama binti wa riwaya, anayeweka matumaini yote kwenye ukurasa wa 200. Kuna mambo nimemtumia. Kwanza hadhi yake kule. Mpaka 2023 Muomani alihitaji kibali cha serikali kuoa mgeni, sasa sharti hilo limeondolewa, lakini ndoa isiposajiliwa pande zote mbili yeye ndiye atakayehangaika kwenye ubalozi. Pili kazi. Ataacha kazi ya mjini, je atafanya kazi Muscat, na limezungumzwa mbele ya wazee au limezungumzwa kwenye simu usiku? Tatu nyumba. Bwana anasema atajenga Unguja. Kwa jina la nani?

Hilo la tatu si dogo. Bara kuna Sheria ya Ndoa ya 1971, na mwaka 1983 Mahakama ya Rufani katika kesi ya Bi Hawa Mohamed na Ally Sefu ilikubali kwamba kazi za nyumbani za mke nazo ni mchango katika mali ya ndoa. Kanuni nzuri, ingawa Bi Hawa mwenyewe hakuambulia zaidi, maana mahakama iliona fedha za kujengea nyumba alizopewa na mume alizifuja. Lakini sheria ile haihusu Zanzibar. Huku ndoa ya Waislamu ni mambo ya kadhi, na mwenye karatasi ya kiwanja ana nguvu kuliko mwenye kumbukumbu ya ahadi.

Amenijibu jana usiku. Mahari amekwisha kuyasema mwenyewe, hakumwachia mtu, na ametaka yote yalipwe kabla ya harusi. Kazi atauliza. La kiwanja amesema anaona aibu kulitamka, itaonekana ana tamaa, kwa hiyo amemtuma shangazi yake, ambaye hana aibu hiyo hata kidogo.